Utepe Ukishakatwa

Wako watu, tena wengi wao ni wenye elimu na vyeo, washikao kwamba kazi ya filamu ya hali halisi katika nchi inayojijenga ni moja tu, nayo ni kusifu. Husema: nchi yetu ni changa, watu wake wanahitaji kutiwa moyo, na wanaoitakia mabaya si wachache. Kwa hiyo mpiga picha aendaye kwenye daraja na apige picha ya daraja. Aendaye kwenye bwawa na apige picha ya bwawa. Na waziri akikata utepe, kamera na imwandame waziri mpaka mkasi urudi katika sinia. Aonyeshaye yaliyo nyuma ya daraja, husema, anaivua nchi nguo mbele ya wageni.

Nataka kubishana na watu hao. Sibishani nao kwa chuki ya madaraja. Mimi ni mwalimu wa walimu, na wengi wa vijana ninaowafundisha wasingalifika chuoni kama barabara isingalifika kwao kwanza. Nabishana nao kwa sababu wamelipa tangazo jina la kumbukumbu, na vitu hivi viwili si ndugu. Tangazo lina haja na leo. Lataka mtu anunue, apige kura au apige makofi, na likisha kupata makofi hayo limekwisha kazi. Kumbukumbu ina haja na mtu asiyekuwapo: mjukuu ambaye miaka 50 baadaye atauliza nchi hii ilijengwaje, na nani, kwa gharama ya nani. Mjukuu huyo hatapiga makofi. Atataka kujua.

Filamu ya hali halisi ni ile itumiayo watu wa kweli, mahali pa kweli na kazi ya kweli, bila ya waigizaji wa kukodiwa. John Grierson, Mskoti aliyeipa kazi hii jina lake la Kiingereza mwaka 1926, alifundisha kwamba ni ukweli uliofinyangwa kwa ustadi. Angalia neno kufinyanga. Mtu huyu hakudai kwamba kamera huona yenyewe kama jicho la Mungu. Kamera husimamishwa mahali na mtu. Hufunguliwa na kufungwa na mtu. Na vipande ilivyoviokota huchaguliwa na mtu mezani, vingine vikaungwa na vingine vikatupwa. Na palipo na kuchagua pana dhamana. Asemaye, "Mimi nilionyesha tu yaliyokuwapo," amekwepa swali, maana yaliyokuwapo ni mengi naye kaonyesha machache.

Tuanze na ushahidi wa karibu. Mwaka 1935, katika milima ya Usambara, mahali paitwapo Vugiri, Waingereza wachache walianzisha jaribio la kutengeneza filamu za mafundisho kwa ajili ya Waafrika. Fedha zilitoka katika Shirika la Carnegie la New York. Hata mwaka 1937 jaribio lilipokwisha, walikuwa wametengeneza filamu kama 35 na kuzitembeza kwa gari katika Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Picha zilikuwa bubu. Maneno yalitiwa katika sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwa kimojawapo. Filamu moja ilihusu Benki ya Posta. Watu wawili wamepata fedha zao za mshahara. Mmoja azifukia ardhini, mwizi azifukua; mwenziwe aziweka posta, zikawa salama.

Fundisho ni jema, wala sina neno na benki. Lakini tazama lisilosemwa. Filamu yamfundisha kibarua mahali pa kuweka mshahara wake, haiulizi kwa nini mshahara huo ni mdogo kiasi cha kuenea katika shimo la nyuma ya nyumba. Haiulizi kilichomtoa kwao kwenda kuutafuta, ingawa kila mtazamaji alikijua: kodi. Na kodi nayo ilitengenezewa filamu yake, ya kuwaeleza watu faida ya kuilipa! Kibarua yumo katika picha kutoka mwanzo hata mwisho, lakini sauti isikikayo si yake. Ni ya santuri.

Mwaka 1939 ikaundwa huko London idara maalumu ya filamu za makoloni, ikiongozwa na William Sellers. Bwana huyu aliamini kwamba Mwafrika apigiwe picha za polepole, kitu kimoja kimoja, bila ya kurukaruka, kwa kuwa akili yake haikuzoea kufuata. Wakati huohuo watu wa Unguja na Mombasa walikuwa wamekwisha zoea kuketi katika majumba ya senema na kufuata visa vya Marekani na Bara Hindi, mbio na mapigano na mapenzi, wala hawakupotea njia. Sitaji jambo hili ili kumcheka marehemu. Nalitaja kwa sababu mtu akisha kuamini kwamba mtazamaji wake hawezi kufikiri, hawezi tena kumtengenezea kumbukumbu. Aweza kumtengenezea maagizo tu.

Bendera zikabadilika. Je, santuri ilibadilika? Tazama filamu nyingi zilizotengenezwa na serikali huru za Afrika baada ya mwaka 1960, kisha tazama na zile za mashirika ya misaada ya siku zetu. Mashine ni bora zaidi, rangi zimeingia, siku hizi hata picha za kutoka angani zimo. Lakini mkulima bado anafundishwa, bado anashukuru, bado anatikisa kichwa huku mtu asiyeonekana akinena juu yake kwa sauti nzito. Tulirithi mahali pa kusimamisha kamera pamoja na ofisi na makabati yake.

Watetezi wa filamu za sifa wanayo hoja moja yenye nguvu, nami sitaipunja. Husema kwamba filamu ya sifa yaweza kuwa kazi kubwa ya sanaa. Ni kweli. Mfano wao bora ni Turksib, filamu ya Viktor Turin ya mwaka 1929, juu ya reli ya kuiunganisha Turkestan na Siberia katika Urusi ya Kisovieti. Nchi moja ina pamba na haina nafaka ya kutosha. Nyingine ina nafaka. Kati yao ni jangwa. Msafara wa ngamia wapigwa na tufani ya mchanga. Kisha waja wapima ardhi, majabali yapasuliwa kwa baruti, mataruma yalazwa na reli juu yake. Garimoshi la kwanza latokea, na wafugaji wa Kikazaki walipandia farasi zao kulifukuza, wakilishangilia na kushindana nalo. Mwishoni mwaka 1930 watajwa kama ahadi. Ahadi yenyewe ilitimizwa: reli hiyo ya zaidi ya kilomita 1,400 iliungana mwaka huo. Grierson mwenyewe ndiye aliyeitayarisha filamu hiyo kwa watazamaji wa Kiingereza, akajifunza mengi kwayo.

Sasa soma historia ya miaka iliyofuata. Serikali ileile iliwanyang'anya wafugaji mifugo na nafaka na kuwalazimisha kuingia katika mashamba ya pamoja. Kati ya mwaka 1930 na 1933 watu wapatao milioni moja na nusu walikufa kwa njaa katika Kazakhstan, na wengi wao walikuwa Wakazaki. Simlaumu Turin kwa jambo lililokuwa halijatokea alipokuwa akipiga picha zake. Naiuliza serikali iliyomlipa. Ilipata fedha, mashine na mafundi wa kuonyesha farasi akishindana na garimoshi. Ilipowadia zamu ya mwenye farasi kupokonywa farasi, kamera zilikuwa wapi?

Tena, mtazame mpanda farasi yule katika filamu yenyewe. Ametiwa mle kwa kazi moja: awe nyuma, ili garimoshi lionekane liko mbele. Hakuna aliyemwuliza njia ya reli inapita katika malisho ya nani. Mtu akifanywa kuwa kipimo cha mwendo wa wengine, kesho si ajabu asipohesabiwa.

Pana mfano mwingine, wa Uholanzi, ambao laiti kila mwenye kamera angeujua. Waholanzi walikuwa na ghuba kubwa iitwayo Zuiderzee, iliyowamezea vijiji tangu kale. Waliamua kuiziba kwa ukuta wa kilomita 32 kisha kukausha sehemu zake ziwe mashamba. Ukuta ulifungwa tarehe 28 Mei, 1932. Joris Ivens aliufuata ujenzi huo kwa miaka kadhaa na kutokana nao akaitoa mwaka 1933 filamu iitwayo Nieuwe Gronden, yaani Ardhi Mpya. Kufungwa kwa ukuta ndani yake ni jambo la kumwinua mtu kitini. Ivens aliwagawia wapiga picha wake pande kama majemadari: mmoja awe wa nchi kavu, mmoja awe wa bahari, mmoja awe wa mitambo. Kila mlango wa maji unavyozidi kuwa mwembamba ndivyo maji yanavyozidi kupita kwa ghadhabu. Mitambo yadondosha udongo, bahari yauzoa. Yadondosha tena, yauzoa tena. Mtu hujikuta amekaza misuli katika kiti chake. Hatimaye udongo watulia, bahari imeshindwa. Nchi yakauka, yalimwa, na palipokuwa na samaki pakaota ngano.

Msifu nchi angemalizia hapo, watazamaji wakatoka wakiimba. Ivens hakumalizia hapo. Miaka ile dunia ilikuwa katika mdororo mkuu wa uchumi. Bei ya ngano ilikuwa imeanguka, na ili bei ipande nafaka ilikuwa ikichomwa moto na kutupwa baharini, hali watu wasio na kazi walitembea barabarani kwa njaa. Ivens aliyatia hayo mwishoni mwa filamu yake, pamoja na wimbo mkali wa dhihaka uliotungwa na Hanns Eisler. Watu walishindana na bahari ili wapate ngano, na ngano ikarudishwa baharini.

Je, aliiaibisha Uholanzi? Ukuta ungali umesimama, na magari hupita juu yake kila siku. Sifa yake haikupungua hata donge moja la udongo. Kilichoongezeka ni heshima ya wale waliobeba udongo huo, maana filamu iliwaona kuwa watu wenye haki ya kuuliza jasho lao limekwenda wapi. Sifa isiyo na swali huwasifu wenye amri. Sifa yenye swali huwafikia na wenye majembe.

Mpinzani wangu atacheka hapa na kusema kwamba Ivens alikuwa na siasa zake. Alikuwa nazo, tena zilimponza. Katika miaka ileile alikwenda Urusi akatengeneza filamu ya kusifu tanuru za chuma za Magnitogorsk. Vijana wa kujitolea wamo, moto umo, nyimbo zimo. Maelfu ya wakulima waliofukuzwa katika mashamba yao na kupelekwa kule kufanya kazi kwa nguvu hawamo. Mtu yule yule, jicho lile lile! Nyumbani kwao aliuliza, ugenini alinyamaza. Ndipo ninaposema kwamba jambo hili si la tabia njema ya mpiga picha pekee. Ni la ruhusa na la desturi: nani amemwita, nani atamlipa, na je, atafunguliwa mlango wa nyuma au wa mbele tu.

"Lakini," husema tena, "Uholanzi ilikuwa tajiri. Nchi maskini iliyotoka jana katika utawala wa kigeni haiwezi anasa ya kujihoji." Basi na twende India. India ilipata uhuru mwaka 1947, na mwaka 1948 serikali yake ikaanzisha idara ya filamu, Films Division. Sheria iliyatia majumba yote ya senema katika wajibu wa kuonyesha filamu za hali halisi au za habari kabla ya mchezo uliolipiwa. Kwa miaka mingi Wahindi walionyeshwa mabwawa, viwanda na mipango ya miaka mitano. Jawaharlal Nehru aliyaita mabwawa kuwa mahekalu ya zama mpya, na filamu zikayazunguka kama mahujaji wazungukavyo hekalu.

Kisha, mwaka 1967, idara hiyohiyo, kwa fedha hizohizo za serikali, ilitoa filamu ya S.N.S. Sastry iitwayo I Am 20. Sastry aliwatafuta vijana waliozaliwa mwaka wa uhuru, sasa wametimiza miaka 20, akawauliza mambo mepesi: unatumaini nini, unaogopa nini, nchi hii ni nini kwako. Wakajibu, wa mjini na wa shamba, msomi na asiyejua kusoma. Mmoja ana ndoto kubwa, mwingine hana kazi, mwingine haoni uhuru umemletea nini, mwingine anafanya mzaha. Hakuna sauti nzito ya kuwasahihisha. Na India haikuanguka. Ilikuwa maskini, ilikuwa imetoka katika vita na ukame, na ilistahimili kusikia vijana wake wakisema. Filamu zake nyingi za mabwawa leo hutazamwa na wanahistoria tu. Hii hutazamwa na vijana. Miaka michache baadaye, katika utawala wa hali ya hatari wa 1975 hadi 1977, idara hiyo ilirudishwa katika kusifu, na hakuna mtu leo atafutaye sifa hizo ili ajue India ilikuwaje.

Sasa nije kwetu, Kenya. Reli mpya ya Mombasa na Nairobi ilifunguliwa tarehe 31 Mei, 2017, na gati ya kwanza ya bandari ya Lamu tarehe 20 Mei, 2021. Siku zote mbili kamera zilijaa. Picha za meli na mabehewa hatutazikosa kamwe. Lakini mwaka 2018, miaka mitatu kabla ya meli ya kwanza kutia nanga katika gati ile, Mahakama Kuu ya Malindi ilikwisha amuru wavuvi wa Lamu wapatao 4,600 walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76 kwa kuharibiwa mahali pao pa kuvulia. Ni habari ya maendeleo, wala si habari ya kando yake. Mvuvi ajuaye mkondo na mwamba kwa majina, aliyefunga safari hadi mahakamani kuidai bahari kwa karatasi, naye ameijenga nchi: ameijenga sheria yake. Nakuuliza wewe msomaji, ambaye mwaka 2060 utakuwa mzee wa kuhojiwa na wajukuu: filamu ya bandari isiyo na mvuvi huyo utaiita ya hali halisi?

Nisieleweke kwamba nataka machozi. Upo uongo wa upande wa pili, nao umetuchosha: kamera ya mgeni itembeayo Afrika nzima ikitafuta nzi katika jicho la mtoto, ikipita shule, hospitali na soko bila ya kugeuka. Uongo huo na uongo wa utepe ni pacha. Mmoja haumwoni mtu ila akifa, mwingine haumwoni ila akipiga makofi. Wala hapana unaomwuliza neno.

Kwamba yaweza kufanywa vingine kumekwisha onyeshwa hapahapa. Kisilu Musya ni mkulima wa Ukambani. Kwa miaka kadhaa alijipiga picha mwenyewe, na jamaa yake, na shamba lake, kiangazi kikija na mafuriko yakija, na kwa kushirikiana na Julia Dahr wa Norwe ikatoka mwaka 2017 filamu iitwayo Thank You for the Rain. Twamwona akiwakusanya majirani kupanda miti. Twamwona nyumba ikiharibiwa na dhoruba. Twamwona mkewe akichoka na mikutano isiyoleta chakula. Twamwona amefika Paris mwaka 2015 katika mkutano wa dunia juu ya hali ya hewa. Wala hapana santuri. Anenaye ni mwenye shamba. Kutoka Vugiri hadi Ukambani si mbali kwa gari, lakini safari hiyo ya sauti imechukua miaka 80.

Limebaki jambo moja, nalo ni la ghala. Filamu za zamani huoza. Utepe wa plastiki wa asetati ukikaa katika joto na unyevu hutoa harufu ya siki, hujikunja, na picha hubanduka. Msumbiji, baada ya uhuru wa 1975, iliunda taasisi ya senema na kutoa jarida la filamu liitwalo Kuxa Kanema, lililopelekwa mpaka vijijini kwa magari. Mwaka 1991 moto uliunguza jengo la taasisi hiyo, na sehemu kubwa ya iliyosalimika ikaachwa kwa muda mrefu bila ya matunzo. Margarida Cardoso alikwenda kuitazama, akaitengenezea filamu mwaka 2003. Zile za wakoloni, kinyume chake, zimetunzwa vizuri. Orodha iliyotolewa Uingereza ina filamu zaidi ya 6,000 juu ya nchi zilizotawaliwa, nyingi zikiwa katika maghala baridi ya huko. Kwa hiyo kijana wa Kenya atakaye kuona mtaa wa kwao ulivyokuwa mwaka 1950 yamkini atauona kwa jicho la Sellers, kwa kuwa ndilo jicho lililowekewa akiba.

Twapaswa kuwa na sheria kwamba kila filamu ya maendeleo iliyotengenezwa kwa fedha za umma iwekwe nakala katika Hifadhi ya Nyaraka za Taifa pale Nairobi. Tena isiwekwe ile iliyokwisha kuungwa na kutiwa muziki peke yake. Viwekwe na vipande vilivyokatwa, vyote, pamoja na karatasi yenye tarehe, mahali, majina ya waliohojiwa na jina la aliyelipa. Gharama yake ni ndogo kuliko ya hema na viti vya siku moja ya kukata utepe.